Pilipili Tamu za Litapunga

Siku yangu ya kwanza kufundisha Mpanda nilijifuta jasho usoni kwa mkono uliotoka kupasua pilipili kichaa. Darasa zima la akina mama likamshuhudia mtaalamu wao mpya, mwenye cheti kutoka chuoni, akirukaruka na kumlilia mama yake aliyekuwa Lushoto. Mama mmoja akaniosha macho kwa maziwa, akanikalisha kwenye kigoda, akasema taratibu, "Pole, mwalimu. Kwa hiyo hilo ndilo somo la kwanza?" Nimestaafu juzijuzi, na nyie mnaobaki idarani mmeniomba niwaandikie niliyoyaona kazini. Nimeanza na macho kwa sababu hilo ndilo litakalowapata kabla ya lingine lolote.

Vyeo na mishahara sitaviandika. Vyote viwili vilikuwa vidogo na havikunifundisha kitu.

Nilipangiwa Mpanda mwanzoni mwa miaka ya tisini, wakati Mpanda ikiwa bado wilaya ya Mkoa wa Rukwa. Kazi yangu ilikuwa sayansi kimu: lishe, mapishi, usafi wa nyumba na kuhifadhi mazao. Nilikuja kwa treni kutoka Tabora, na treni ile ilifika ilipojisikia kufika. Nilishangaa mambo mengi wiki za mwanzo. Nilishangaa kuona ng'ombe wengi kuliko watu, wa Wasukuma waliokuwa wanahamia kutoka kaskazini. Nilishangaa kuona pilipili zinaoza mashambani huku watu hao hao wakila ugali na chumvi miezi ya kiangazi. Kilichonishangaza zaidi ni kuingia maduka yote ya mjini nikitafuta siki na kuulizwa kama natafuta dawa ya fundo la tumbo.

Mkuu wangu alikuwa mama mmoja mfupi, mkali, tuliyemwita Bibi Skola. Alikuwa na sufuria moja kubwa la enameli, jeupe lenye ukingo wa bluu, na hakuliazima kwa kiumbe yeyote. Nililichukua mara moja bila ruhusa, na nilichoambiwa sikirudii hapa. Lakini alikuwa na sababu. Siki inakula sufuria la alumini, chakula kinageuka rangi na kutoa ladha ya misumari. Alinifundisha kupaka mikono mafuta kabla ya kushika pilipili, kwa kuwa glavu zilikuwa za hospitali na hata hospitali hazikuwapo. Alinifundisha kuchemsha chupa na kuzifunika zikiwa za moto, na kuweka kipande cha karatasi safi chini ya mfuniko wa bati ili siki isiufikie. Na alinifundisha adabu ya kule.

"Huku, binti yangu, mwenye chakula anaonja kwanza," alisema. "Watu wamwone akimeza. Ukimpa mtu kitu kigeni bila kuonja, umemtukana au umemtega. Wewe mwenyewe utachagua kipi."

Nilidhani ananitania. Baadaye nikaona pombe ya asali, uji wa msiba, hata maji ya kunywa, vyote vikionjwa na mwenyeji mbele ya mgeni. Basi nikawa naonja kila kitu, na nikanenepa.

Achari tamu ya pilipili niliipata kwa kulazimika. Nilijua ya sukari na siki, ile tunayopika kwetu. Sukari ikawa shida, lakini asali ya Inyonga ilikuwa inashuka kwenye mabasi kwa ndoo. Nikajaribu. Unachagua pilipili ndefu nyekundu zilizokomaa lakini bado ngumu. Unazipasua upande mmoja na kutoa mbegu, si zote, maana ukizitoa zote utakuwa umepika kachumbari ya watoto. Unazilaza kwenye maji ya chumvi mpaka kesho yake. Kisha unachemsha siki, asali, tangawizi na kitunguu saumu, unatumbukiza pilipili mpaka ngozi ing'ae, unajaza chupa. Siki niliagiza Tabora, ikaja na treni kwenye dumu. Ukila na ugali, kwanza unasikia utamu, unatabasamu, halafu unajuta, halafu unaongeza. Akina mama waliipenda sana. Waume zao walijifanya hawaipendi, na chupa zikawa zinaisha.

Kikundi changu bora kilikuwa Litapunga. Kulikuwa na Wakonongo wenyeji, Wasukuma wahamiaji, na akina mama kadhaa wa Kirundi waliokuwa wanatembea kutoka Katumba, kwenye makazi ya wakimbizi. Hao walihitaji kibali cha kutoka makazini, na walikipata kwa ajili ya kikundi. Mmoja wao alikuwa Mama Godeliva, mama mtu mzima, mrefu, mwenye sauti nzito na kiko chake cha udongo ambacho hakikumtoka mdomoni ila wakati wa kusali. Mumewe alilima tumbaku, kama karibu kila mtu pale Katumba. Rafiki yake kikundini alikuwa Mama Shija, Msukuma, kijana bado, mchangamfu, ambaye alikuwa na mimba ya mtoto wa pili. Wawili hao ndio waliokoroga sufuria pamoja na kugombana kuhusu tangawizi.

Mama Godeliva alibuni kitu ambacho hakuna chuo kilichonifundisha. Alitunga pilipili kwenye kamba, kikonyo kwa kikonyo, akazining'iniza kwenye bani la mumewe, kile kibanda cha kukaushia tumbaku, mpaka zinyauke kidogo. Pilipili iliyonyauka haipasuki ikichemka, na inakunywa asali vizuri. Zaidi ya hapo alizichemsha zikiwa bado kwenye kamba, akaziinua shada zima kwa mti, bila mtu kuungua wala kushika pilipili ya moto. Kamba zake zilikuwa za magome ya miyombo, amezisokota mwenyewe. Nilipoziona chupa zake niliona haya. Zangu zilionekana kama zimekanyagwa.

Kisha ikaja siku ya maonyesho kijijini. Mgeni rasmi alikuwa anatoka wilayani, na kila kikundi kilitakiwa kuonyesha kazi yake. Tukakubaliana kupika achari nyingi kuliko tulivyowahi kupika, na Mama Godeliva akapewa kazi ya kuzinyausha zote. Akazileta Litapunga zikiwa mashada kwa mashada, tukazichemsha kwenye sufuria la Bibi Skola, ambalo safari hii nililiomba kwa maandishi.

Siku yenyewe ilianza vizuri mno. Ngoma zilipigwa, hotuba ilisomwa, mgeni rasmi akafika mezani kwetu. Mama Godeliva akachukua kijiko, akaonja mbele ya watu wote, akameza, akatikisa kichwa kwa kuridhika. Mgeni akala. Mimi nikala. Mama Shija akala na kuongeza, maana mimba yake ilikuwa inataka vitu vikali. Wazee wa meza kuu wakala, na watu wakasukumana wapate kidogo.

Haukupita muda mrefu. Kwanza niliona mgeni rasmi anakaa chini bila kukaribishwa. Mimi mwenyewe nikaanza kutoka jasho la baridi, mikono inatetemeka, dunia inazunguka. Nikakimbilia nyuma ya meza, nikaishia kutapika kwenye viatu vya mgeni rasmi. Nasikitika kusema ni viatu vizuri vilivyokuwa vimepigwa rangi asubuhi ile. Nilipoinua kichwa niliona watu wengine wameshika matumbo, wengine wamelala kwenye nyasi, watoto wanalia. Na Mama Shija alikuwa amepiga magoti, mweupe mdomoni, mikono yote miwili tumboni, anatapika bila kupumua.

Katikati ya vilio vile Mama Godeliva alikuwa amesimama wima, mzima kabisa, kijiko mkononi.

Mume wa Mama Shija aliitwa Masanja. Alikuwa mfugaji mwenye maneno machache, na siku ile aliyatumia yote. "Huyu mama kala wa kwanza!" alipiga kelele. "Kala, kameza, mmemwona! Mbona yeye hajatapika? Alikuwa na kinga yake! Katuua huyu!"

Hapo ndipo niliposhikwa na bumbuwazi ambalo sijalipata tena kazini. Ile adabu ya kuonja kwanza, iliyowekwa ili kumlinda mgeni, ilikuwa imegeuka kuwa ushahidi dhidi ya mwenyeji. Angeanguka, angekuwa maskini mwenzetu. Kwa kuwa hakuanguka, alikuwa muuaji. Walinzi wa kijiji walimshika mikono. Hakupigana nao. Alisema tu, "Mana yanje, Mana yanje," yaani Mungu wangu kwa Kirundi, huku anamwangalia Mama Shija anabebwa.

Hakuna aliyekufa, niwaambie mapema mpate kupumua. Pale zahanati mganga aliweka pembe lake la mti la kusikilizia kwenye tumbo la Mama Shija, akasikiliza kwa muda uliotutoa roho, akasema moyo wa mtoto unapiga vizuri. Lakini Mama Godeliva alifungiwa katika ofisi ya kijiji na kibali chake kikachukuliwa. Mtendaji wa kijiji, mtu mwenye haki lakini mwenye hofu, aliniita pembeni.

"Mwalimu, nawazuia walinzi kwa shida," alisema. "Nimeitisha mkutano kesho kutwa. Kama hakuna maelezo, nampeleka polisi kama mtu aliyewapa watu sumu. Na huyo hataonekana tena huku, wala mwenzake yeyote wa Katumba. Na hapo nasema kama polisi watawahi kabla ya hawa vijana wenye fimbo."

Nilimwendea Mama Godeliva dirishani. Walikuwa wamemnyang'anya kiko na alikuwa anahangaika na vidole vyake. Nikamuuliza, umeweka nini? Akanijibu kwa hasira, na nilimpenda kwa hasira ile: "Nimeweka ulichonifundisha! Kwani wewe ulikuwa wapi, si ulikuwa unakoroga?"

Nilirudi zahanati. Mganga akaniambia hali ile anaijua, kizunguzungu, jasho baridi, matapishi. Huwapata wachuma tumbaku wanaoingia shambani asubuhi majani yakiwa na umande. "Lakini huu si msimu," akasema, "na mgeni rasmi hajachuma tumbaku maishani mwake." Nilikaa kwenye benchi la nje nikiwa bado tumbo linaniuma. Pembeni yangu alikuwa Mzee Tomasi, mmoja wa wazee wa meza kuu, aliyekuja kumwona mjukuu wake mgonjwa. Akagonga kibuyu chake kidogo, akamwaga ugoro kwenye kucha, akavuta puani, akapiga chafya kwa raha.

"Babu, wewe hukula?" nikamuuliza.

"Nilikula bakuli, mwanangu. Ilikuwa tamu. Imebaki?"

Nilimwangalia mzee yule mpaka akadhani ana kitu usoni. Kisha nikaanza kuzunguka nyumba kwa nyumba kama mwendawazimu, nikiuliza swali moja: unavuta, unanusa, unatafuna? Waliokuwa wazima walikuwa ni wavutaji na wanusaji wa ugoro. Walioanguka walikuwa ni sisi wengine, ambao miili yetu haijaizoea tumbaku. Mama Godeliva mwenye kiko alikuwa na kinga kweli, Masanja hakukosea hapo. Kinga yenyewe alikuwa akiivuta hadharani miaka yote.

Nikarudi dirishani mbio. "Mama, zile kamba za pilipili. Zilikuwa za magome?"

"Za magome hazikutosha," akasema. "Pilipili zilikuwa nyingi. Nilichukua kamba za bani."

Wenzangu mnaojua tumbaku mmeshaelewa. Majani ya tumbaku hufungwa kwenye fito kwa kamba, na msimu ukiisha kamba hutunzwa kwa msimu ujao. Zinakuwa nyeusi kwa utomvu wa majani, zinanata. Mama Godeliva alizifua kwa sabuni ya mche na kuzianika, akaona ni safi. Utomvu ule, wenye sumu ya tumbaku, hautoki kwa sabuni. Unatoka kwa siki inayochemka, na sisi tulichemsha shada baada ya shada kwenye supu ile ile ya asali, iliyoficha rangi na ladha yake. Hakuna anayeweza kufanya kosa lile isipokuwa mama mwenye bani, mwenye akili ya kubuni, na mwenye pilipili nyingi za kumfurahisha mgeni rasmi.

Mkutano ulifanyika ndani ya ghala la tumbaku, maana ndilo jengo lililotosha watu wote. Nililetewa jiko la mkaa. Nikaweka sufuria la Bibi Skola juu yake, na mwenyewe alikuja kutoka mjini kulilinda. Nikamimina siki na maji, nikatumbukiza fungu la kamba za bani. Maji yakaanza kugeuka, kwanza kama chai ya rangi, halafu kama kahawa. Nikaanza kueleza, lakini walinzi walikuwa wananong'ona.

Masanja akatoka kwenye mstari. Akaja mpaka kwenye jiko, akainamisha kichwa juu ya mvuke, akanusa. Akanusa tena. Nilimwona anabadilika uso.

"Haya maji nayajua," akasema polepole. "Naogeshea ndama. Dawa ya kupe hii, maji ya tumbaku."

Ghala zima likashusha pumzi. Wafugaji wakaja mmoja mmoja kunusa, na kila mmoja alirudi akitikisa kichwa. Mtendaji akasimama haraka kabla hali haijageuka, akasema imeonekana ni bahati mbaya, mama huyu hana hatia, kibali chake atarudishiwa. Watu wakaguna kukubali. Nilifurahi kwa muda mfupi sana, kwa sababu niliwatazama usoni. Walikuwa wameelewa, lakini hakuna aliyekuwa amemsamehe. Mama mmoja wa kikundi akasema kwa sauti, "Sawa, si mchawi. Ila mimi mkono wake sili tena." Na wengine wakasema, "Hata sisi." Nikajua kuwa Mama Godeliva anarudishiwa kibali cha kuja mahali ambapo hakuna atakayempokea.

Yeye alikuwa amepika chupa moja asubuhi ile, kwa kamba za magome, pale ofisini chini ya ulinzi, kwa ruhusa ya mtendaji na kwa pilipili na siki nilizompelekea. Aliitoa kwenye kanga yake, akafungua, akachukua kijiko ili aonje kama desturi inavyotaka. Mtu akacheka nyuma. "Unaonja nini, mama? Ulionja na juzi!"

Kijiko kikasimama hewani. Ilikuwa kweli tupu. Ulimi wake haukuwa ushahidi tena wa kitu chochote. Angekula chupa nzima na wasingejua ni asali au dawa ya kupe. Nikanyoosha mkono nikasema nitaonja mimi, mimi sivuti, mimi nilitapika kwenye viatu vya mkubwa na nyote mliona. Wakakataa. "Wewe ni mwenzake, mwalimu. Kaa chini." Mama Godeliva alikuwa anatazama sakafu. Mkono wake mrefu ulikuwa bado umeshika kijiko, na pilipili ilikuwa inadondosha asali kwenye kanga yake.

Ndipo Mama Shija akainuka. Alikuwa amekaa kwenye mkeka na wagonjwa wenzake, bado amekonda usoni, na alilazimika kushika bega la jirani yake ili asimame. Akatembea katikati ya ghala. Sikuamini ninachokiona. Nadhani hakuna aliyeamini, maana hakuna aliyemzuia mpaka alipofika.

"Kabula!" Masanja akamwita kwa jina lake la usichana, kwa sauti ambayo sikujua anayo. "Kabula, weka chini! Fikiria mtoto!"

"Nimefikiria," akasema bila kugeuka.

Akashika mkono wa Mama Godeliva, si kijiko, mkono wenyewe, akauvuta mpaka mdomoni kwake, akala. Akatafuna. Tulimwona koo likishuka. Akasimama pale pale, mkono tumboni, na sisi wote tukasimama naye. Bibi Skola, ambaye sikuwahi kumwona akiogopa kitu, alikuwa amenikamata kiwiko mpaka kikauma. Mkaa ulilia kwenye jiko. Masanja alikuwa ameshika fimbo yake kwa mikono miwili.

Tulingoja. Mama Shija akapumua, akajilamba midomo, akakunja uso.

"Tangawizi umezidisha tena," akasema. "Kila siku nakwambia na husikii."

Mama Godeliva, ambaye hakutoa chozi waliposhika mikono yake, wala alipofungiwa, wala alipochekwa, alikaa chini kwenye sakafu ya ghala akalia kwa sauti yake nzito, na Mama Shija akakaa naye na tumbo lake. Masanja akaweka fimbo ukutani. Akaja mpaka walipokaa wale wawili, akachuchumaa, akanyoosha kiganja mbele ya Mama Godeliva.

"Mayu," akasema, akimwita mama kwa Kisukuma, "nipe na mimi."